Fainali

Kwa Khatibu, Konde, kiingilio shilingi hamsini
au kibaba cha karafuu mbichi, na huulizwi umechuma shamba la nani.
Banda la makuti. Viti ni magunia ya makonyo.
Jenereta nje linakohoa, linanyamaza, linapigwa teke, linakohoa,
na televisheni ya inchi kumi na nne imekaa juu ya meza ya cherehani.

Kanda ilikuwa moja. Nyingine zililiwa na mashine,
ikabaki hii: mashindano ya ngumi katika kisiwa
kisicho na jina, kisicho na duka wala msikiti.
Wapiganaji kumi na sita wanashuka kwenye boti moja
na wote, sijui kwa nini, viatu vyao vipya.
Jaji ana ndevu za gundi. Tuliziona zikibanduka
upande wa kushoto, raundi ya pili, akazirudisha kwa kidole
kama mtu anayejikuna.
Ngumi inasikika kwanza, halafu inafika.
Ukuta wa mawe unatikisika mtu akiuegemea.
Yule wa suruali ya kijani aliuawa mapema kabisa;
raundi ya tatu yumo katika watazamaji, anapiga makofi.
"Kafufuka!" tukapiga kelele, na Khatibu,
ambaye Kichina hakijui wala Kiingereza,
akatafsiri vivyo hivyo, mdomo kwenye spika:
"Wewe ndiye uliyemuua mwalimu wangu. Leo hutoki,
hata mamako akija na sinia la wali."

Mimi mtoto wa kike nilisimama nyuma, kanga ya mama kichwani,
nimetumwa kumwita kaka.
Miezi minane nilitumwa kumwita kaka.

Basi tufike fainali.
Kijana wetu, mbavu zimefungwa kitambaa,
na Jicho Moja mbele yake. Majani yanapeperuka
upande mmoja tu, feni ilipo.
Anakimbia. Anaruka. Mguu uko hewani,
mistari, chenga, mlio kama wa mbu,
na hapo hapo anatokea Mize binti Shaame,
hina na piko mpaka viwikoni, macho chini,
harusi yake, Chwale, mwaka juzi.
Mtu alirekodi juu yake. Khatibu aliapa si yeye.

Mwanzoni tulirusha makonyo kwenye kioo,
tukadai pesa zetu, tukatoka kumalizia wenyewe
juu ya majamvi ya karafuu, na tukachapwa kwa kuzimwaga.
Kila usiku mshindi mwingine: Faki, Nassoro Kidevu,
mara moja mimi.

Halafu Mize akafa. Uzazi. Gari ya wagonjwa haikuwa na mafuta.
Arubaini ikapita, na Ijumaa moja baada ya isha
akaingia mama yake, Bi Mgeni,
akahesabu hamsini yake, sarafu kwa sarafu,
akakaa mbele kabisa, miguu kainyoosha.
Khatibu akataka kuipeleka kanda mbele.
"Wacha," akasema. "Wapigane kwanza."

Alizitazama raundi zote. Ijumaa ya tatu
alishajua nani anapigwa wapi.
"Huyu sasa ataanguka," akasema taratibu, na akaanguka.
Ndevu zilipobanduka alicheka, mkono mdomoni.
Na mguu ulipokwenda hewani Khatibu akaiweka spika chini.
Mize aliinua macho, mara moja tu,
kumtazama mtu aliye nyuma ya kamera.
Dakika nne. Kisha chenga.
Hakuna aliyedai pesa zake tena.

Mwaka huu mwanangu ameniletea sinema nzima kwenye simu, safi,
hata uzi unaomvuta kijana juu unaonekana.
Anashinda, bila shaka. Jicho Moja anaangukia ukuta,
ukuta unamwangukia jaji,
suruali ya kijani anapiga makofi.
"Vipi?" mtoto ananiuliza.
Imekatwa, namwambia.
Hapa palikuwa na harusi.