Shuka la Mama Kavira

Pazia letu la sinema lilikuwa shuka la Mama Kavira wa Majengo.
Alituazima kwa sharti: lirudi kabla hajalala.

Kamera ilikuwa moja, kioo chake kina ufa.
Muhindo aliifunga kwenye usukani wa chukudu
akateremka nayo mpaka Birere
na magunia matatu ya makaa mgongoni pa mbao.
Hakuna aliyeigiza. Mji ulijipiga picha wenyewe,
ukitetemeka juu ya mawe ya lava.

Mkanda tuliufukia siku saba kwenye jivu la mlima.
"Mnaharibu mali," alisema Paluku, fundi viatu,
kisha akaleta msumari wake
akaikwaruzia kila picha mvua.

Usiku jenereta ikakohoa, ikawaka.
Nyuso zetu zikatokea na vidonda vya nuru.
Bibi mmoja akauliza, "Huyo ni mimi, au ni moshi?"
Mpaka leo sina jibu.

Mkanda uliungua pamoja na nyumba.
Sina cha kukuonyesha.
Ila jana, Ndosho, nimemwona binti wa Muhindo
amefunga simu kwenye chukudu kwa mpira wa baiskeli,
kioo chake amekipaka matope kidogo.
Nani kakufundisha?
"Kufundishwa nini? Si ndivyo barabara ilivyo?"

Shuka nalo tulilichelewesha.
Mama Kavira alilitandika vilevile, akazima koroboi.
Asubuhi akalalamika kwamba hakupata usingizi:
usiku kucha watu walimpita mgongoni,
na chukudu moja, ikiteremka.