Ulijua Lini?

Nilinunua nyumba ya kumi na saba, Mtaa wa Hebble,
mjini Burnley, ukuta mmoja na jirani:
akikohoa, mimi husema pole.
Mawe yake meusi kwa moshi wa viwanda
vilivyozimwa kabla mama hajanizaa Lunga Lunga.
Miaka tisa ya zamu za usiku, kukunja mashuka ya hospitali,
miaka tisa nayo nikaikunja
ikaenea kwenye hundi moja.

Muuzaji, Bwana Ormerod, fundi wa mabomba,
alinipa funguo tatu.
Ya nne hakuitaja.

Rangi ya jikoni haijakauka, barua ikaja
yenye muhuri wa mahakama na jina langu,
Nyamvula Chirima Mwakoyo, bila kosa hata herufi moja.
Kazini hawajawahi kuliandika hivyo.
Ilisema nyumba hii imo kesini.
Ilisema benki inamdai Ormerod tangu kabla yangu,
na deni limeingia ukutani kama unyevu:
unaupaka rangi, unachomoza.

Dawa ya deni kulipa, walisema wahenga.
Sawa. Lakini hawakusema
mgonjwa akihama, dawa anywe nani.

Wakili wangu, Bi Farnworth,
miwani moja puani, nyingine kichwani,
alisema: una haki.
Haki ya kuingizwa kesini, usijadiliwe kama kabati
lililosahauliwa sebuleni.
Haki ya kuonyesha risiti. Haki ya kumdai Ormerod,
akipatikana,
akipatikana na kitu.
Nikauliza: na haki ya kulala?
Akavua miwani moja.

Ulilipa Jumatatu, akasema, daftari la ardhi likiwa safi.
Benki ikaandikisha ilani Alhamisi.
Jina lako likaingia wiki ya pili.
Kati ya kulipa na kuandikwa kuna mwanya,
na mwanya huo, mwembamba kama wa chini ya mlango,
ndio tuliokwenda kuugombania Preston,
watu wazima, wenye suti.

Jaji alikuwa na mafua. Alipenga kamasi,
akaomba radhi, akaniuliza swali moja:
Ulijua lini?

Siku barua ilipofika, nikasema.
Karatasi zote zinanishuhudia.
Lakini nilipoketi nikaikumbuka
siku niliyokuja kuitazama nyumba,
mlango ulivyogoma kidogo, ukasukuma kitu.
Bahasha. Ishirini, au zaidi, wino mwekundu,
na Ormerod akizisogeza kwa ncha ya kiatu
kama mtu anayemficha panya mgeni asimwone.
Njoo uone jiko, akasema,
jua la asubuhi linaingia mpaka kwenye sinki.

Niliinua gauni kidogo.
Nikaziruka.
Nikaenda kulitazama jua.

Sheria haikuniuliza kuhusu gauni.

Hukumu imeahirishwa hadi Machi.
Jikoni nimepaka mara ya pili.
Barua zake bado zinakuja; huandika juu yake
kwamba amehama, nikazitia kwenye sanduku la posta, pale konani.
Juzi, nimetoka zamu, macho mazito,
mkono ukaandika kwa Kiswahili: Huyu hayupo hapa.

Mtu wa posta hakuelewa. Asubuhi hii ameirudisha,
iko mkekani, uso juu.

Sijairuka.