Jino la Oktoba

Barafu haianzi ikiwa barafu.
Huanza ikiwa maji ya bomba, mwezi wa Agosti,
watu wa Ruonakoski bado wamevaa kaptula,
nami nayamwaga usiku, tabaka juu ya tabaka,
nyembamba kama ganda la kitunguu,
mpaka saruji ikubali kusahau kiangazi.
Kisha rangi: mstari mwekundu katikati, miwili ya buluu,
na samaki wetu, kiiski,
kijisamaki cha miiba ambacho hata paka hakigusi.
Ndilo jina la timu. Tulijipa wenyewe.

Septemba tulishinda mara nne.
Mwokaji akauza mikate ya duara, myeusi kama kisahani,
na Pirkko wa tiketi akapaka rangi ya mdomo.

Oktoba, kisahani kiliruka
kikamkuta Ensio Harjumaa kinywani.
Nahodha. Miaka thelathini na saba, baba wa mapacha.
Aliinama kama mtu aliyeangusha funguo,
akatema damu, akarudi mstarini.
Jino halikuonekana.
Nikapita na gari langu, mwendo wa kilomita tisa kwa saa,
nikakwangua wekundu, nikamwaga maji ya moto,
na uwanja ukawa tena kioo
kisichojua lolote.

Halafu giza.
Jua lilichungulia adhuhuri
kama mdai asiye na hakika na mlango.
Kinu cha mbao kilifungwa; jina lake vifuani mwa jezi
tukalifunika kwa kitambaa, mshono wa mkono,
ila ukitazama kwa pembeni herufi bado zilisomeka.
Mshahara ulichelewa siku tisa.
Kisha ishirini.
Kisha tukaacha kuhesabu, tukahesabu mabao:
sita kwa moja, tano kwa sifuri, saba.

Golikipa wetu, Gundars, kijana wa Latvia,
alizungumza na milingoti kwa lugha ya kwao,
akiigonga kwa fimbo, kushoto, kulia, kushoto,
kama anayebisha hodi
kwenye nyumba asiyotaka afunguliwe.

Nilisafiri nao mara moja tu, Januari, saa saba kwenye basi.
Kulungu wa theluji walisimama barabarani, hawana haraka.
Nyuma, wachezaji wamelala,
magoti yamefungwa mifuko ya barafu.
Barafu hiyohiyo! Hata usingizini haiwapi likizo.
Mmoja alikuwa macho, akimsaidia mwanawe hesabu kwa simu,
akinong'ona: sehemu, si jumla. Sehemu.

Machi. Tushinde au tushuke daraja.
Mbili kwa mbili, dakika za nyongeza,
watu mia sita na kumi na mmoja (Pirkko aliwahesabu mara mbili),
na bao lililotuzika halikupigwa na adui:
liligonga kiatu cha beki wetu mwenyewe
likaingia polepole,
polepole kiasi kwamba wote tulipata nafasi ya kulikataa.

Asiyekubali kushindwa si mshindani, husemwa.
Sawa, tulikubali.
Lakini hakuna aliyeondoka.
Walisimama wakapiga miguu kwenye mbao za jukwaa,
hawakuimba, hawakulia, walipiga miguu tu,
mpaka vumbi la miaka arobaini likashuka kutoka darini
juu ya kofia, juu ya refa, juu ya gari langu.

Aprili nilizima mitambo.
Rangi ziliachana na mistari yake,
buluu na nyekundu zikaelekea mfereji mmoja,
samaki wetu akaanza kuyeyuka kwa mkia.
Na pale, karibu na duara la kushoto,
kitu cheupe kisichoyeyuka.

Nililitia katika kiberiti kitupu
nikampelekea Ensio gereji, anakobadilisha matairi sasa.
Alilifuta kwa suruali,
akalijaribu kwenye pengo, ulimi ukalisukuma nje,
akacheka kwa mara ya kwanza tangu mwaka jana.
"Lenyewe halikutoka uwanjani msimu mzima," alisema.
"Limecheza dakika nyingi kuliko mimi."