Ponori

Katika daftari la Profesa Hrvoje neno lina mistari miwili:
ponori, tundu katika nchi ya mawe ya chokaa
ambamo mto hushuka, ukaendelea na safari chini kwa chini.
Nikanakili. Nikapiga mstari.
Nilikuwa na miaka ishirini na miwili na buti mpya,
nikadhani nimeshalijua.

Huku Herzegovina mto hauendi baharini kwa adabu.
Unakuja mbio kama mgeni mwenye njaa,
unakata shamba la tumbaku,
kisha penye mwamba unainama tu, na haupo.
Hauna mlango wa kuagia. Una koo.
Ng'ambo ya tundu ni nyasi kavu na mbuzi wa Vidosava,
wanatafuna kana kwamba hakuna kilichotokea.

Vidosava ndiye aliyenisahihisha.
"Mwanangu, unalitamka kama mtu anayesoma jina kaburini.
Sisi tunalitumia."
Akalitumia mchana kutwa, huku akimenya viazi:
mfuko wa marehemu Obren siku ya mnada, ponori;
mtoto wa jirani, amalizaye mkate mzima asinenepe, ponori;
na mwaka ule wa vita
(hapo aliweka kisu chini)
barabara ya kwenda mjini ilikuwa ponori,
ilimeza kaka zake wawili na baiskeli moja.
Baiskeli ilirudi.

Kila vuli, akasema, kabla mvua haijashuka,
kila nyumba ilitoa mtu mmoja na koleo
kwenda kulisafisha tundu: matawi, tope, kondoo aliyekufa.
Maana likiziba, shamba huwa ziwa,
na samaki hula kabichi.
"Hilo liandike. Ponori ni kitu cha kutunzwa.
Kinachomeza nacho kinataka kusafishwa meno."
Sikuliandika. Nilidhani anatania.

Jumanne tulimwaga rangi.
Kilo nane za unga wa rangi ya kutu,
ambao ukigusa maji huwa kijani cha kasuku.
Mto ukaingia ardhini umevaa hivyo, kama bwana harusi.
Wenzangu walitawanywa kwenye chemchemi kumi na moja
ng'ambo ya mlima, kila mmoja na chupa zake na saa.
Mimi nikaachwa kwa Vidosava, kulinda tundu
na kupokea simu.

Jumatano kimya. Alhamisi kimya.
Ijumaa Profesa alianza kuvuta sigara za watu wengine.
Jumapili, kabla jua halijatoka, simu ikalia
na haikuwa ya mwenzangu yeyote.
Sauti ya mwanamke, kali, yenye kikohozi:
"Mwambie huyo Vidosava, mmetia nini majini?
Shuka zangu nne! Shuka za kitani, za mama!"

Grozdana. Dada mtu.
Miaka kumi na tisa hawajasemezana,
kwa ajili ya mjozi mmoja ulioota mpakani
na ambao, kwa taarifa yako, ulikwisha kauka zamani.

Watu husema damu ni nzito kuliko maji.
Pengine ndiyo sababu:
damu ilikaa miaka kumi na tisa isiweze kuutoboa mlima,
maji yalitumia siku tano na nusu.

Vidosava aliishika simu kwa mikono miwili.
Alikaa muda mrefu bila neno.
Nikamwona anatazama viazi, dirisha, viazi.
Kisha akauliza, polepole,
"Zimetoka kijani gani?"

Sikusikia jibu. Nilitoka nje,
nikasimama karibu na tundu na buti zangu zisizo mpya tena,
nikasikiliza maji yakishuka, yakiguguna.

Profesa alichora mstari wa nukta kwenye ramani,
akaandika saa na mwendo.
Katika daftari neno bado lina mistari miwili.
Pembeni tu, kwa penseli, hati yake ya haraka:
*shuka nne, kitani. Alipwe.*