Lita Sita

Gesi hii mimi naijua kwa kukata chuma.
Mtungi nauvingirisha kwa ukingo wa kitako
toka barabarani hadi karakana yangu, Igogo,
nafungua koki, unapiga mluzi,
na bamba la milimita sita linaachana
kama muhogo uliochemka.
Sikuwahi kuifikiria puani mwa mtu.

Sasa imefungwa usoni pa mama.
Barakoa, mpira nyuma ya masikio,
kigololi kinaelea kwenye sita.
Usiku wa kwanza chupa ya maji ilikosekana.
Kulipokucha ulimi umeganda kwenye kaakaa,
midomo imepasuka kama majaruba ya mwezi wa tisa,
kohozi limekauka ndani, linagoma.
“Minzi,” akasema kwa Kisukuma chake.
Neno likawa ukungu kwenye plastiki,
likafutika.

Nesi Nyanjige akaja na chupa.
“Pua hulowesha hewa yenyewe,” akasema,
“ikija kidogo kidogo.
Hii inakuja kavu, lita sita kila dakika,
kutwa, kucha. Pua itaweza wapi?”

Nikashika ndoo. Dirishani
ziwa limejaa hadi macho yanachoka.
“Maji si haya hapa?”
“Hayo ya sangara. Ya bombani ya kufulia.
Haya yanakwenda kifuani.”
Akavunja lakiri ya maji yaliyotakaswa,
akamimina, akaishia kati ya mistari miwili,
akakaza kifuniko kama mimi ninavyokaza nati:
nusu mzunguko zaidi, basi.

Blu. Blu blu. Blu.

Nikapewa kazi: tazama mstari wa chini.
Mimi, fundi wa mageti,
nikakesha nikichunga kikombe cha maji.
Saa tisa usiku yakagusa mstari. Nikaita.
Hakuongeza juu ya mabaki;
alimwaga, akaleta chupa nyingine, safi,
na kwa dakika ile moja ya ukimya
nilisahau kupumua.

Siku ya tatu mama akakohoa kwa kishindo,
kohozi zito, la kijani.
Nikalipokea kwenye kopo kwa mikono miwili,
kama mtu anayepokea mahari.

Jumatatu nimerudi karakana.
Masalu ameshanyoosha bamba, ananingoja.
Nimefungua koki. Mluzi uleule.
Nimesimama, kiberiti mkononi,
nasikiliza mapovu.