Mgeni na Kamba

Siku ya kwanza Velta alichana nywele,
akavaa sweta anayoivaa kwenye harusi za watu,
akakamua kama anayepigwa picha ya pasipoti.
Ilgvars hakuwasha kamera.
Aliishika tu begani, lenzi ikiwa na kifuniko chake,
akanywa maziwa aliyopewa, akauliza jina la mbwa.

Siku ya tano sweta ilirudi kabatini.
Velta akamtukana ng'ombe wake Zīle
tusi ambalo mimi, mshika maikrofoni,
nililipata kwenye hedifoni na mate yake na joto lake.
Ndipo Ilgvars akabonyeza.

Hatuulizi swali.
Hatusemi "rudia, mwanga umepotea."
Mwanga ukipotea umepotea.
Tunasimama pale mlango usipotugonga,
Latgale, Februari, nyuzi kumi na tisa chini ya sifuri,
betri nimezifumbata kwapani kama mayai,
na sheria yake ni moja: sisi hatupo.

Usiku wa kumi na mbili Zīle akashikwa na uchungu.
Ndama akatanguliza miguu ya nyuma.
Daktari wa mifugo, kilomita arobaini. Katikati, theluji.
Velta akafunga kamba, akavuta, akateleza,
akainuka, akageuka
akatazama ndani ya lenzi, jicho kwa jicho,
jambo ambalo hakuwahi kulifanya.
"Wewe. Shika kamba."

Mgeni siku mbili, ya tatu jembe.
Nasi tulikwisha kula kumi na mbili.

Ilgvars aliiweka kamera juu ya gunia la pumba.
Hakuizima. Sidhani alikumbuka kwamba huzimwa.

Kwa hiyo picha ya ndama hatuna.
Tuna dakika sita za ukuta,
koti la kijani kwenye msumari,
na ndoo ambayo maji yake yanatetemeka
kila tunapovuta.
Sauti zipo: sasa, sasa, bado, sasa.
Mtu analia kwa hasira; nadhani ni mimi.
Kisha kitu kizito kinaanguka, chepechepe, kwenye nyasi kavu.
Kimya.
Kimya ambacho hata leo nikikisikia nashika meza.
Halafu kikohozi kidogo
kisicho cha yeyote kati yetu watatu.

Juni, Riga, chumba cha uhariri, pazia zimefungwa.
Ilgvars anaukata ukuta. Anaurudisha. Anaukata.
"Nasikika," anasema. "Hiyo sauti ni yangu."
Austra, mhariri, anamenya chungwa, hamtazami.
"Basi ulikuwepo," anasema.
Wiki nzima hawakuzungumza ila kuhusu chakula.

Mwezi wa Septemba tuliipeleka filamu kwake,
tukaiwasha kwenye meza ya jikoni, kati ya mitungi ya matango.
Velta alijitazama akikamua bila kusema neno,
mikono imekaa mapajani kama ya mtu mwingine.
Ukuta ulipofika akasogea mbele,
akavaa miwani.
Ilgvars aliacha kupumua.

"Lile koti!" akasema.
"Nalitafuta tangu Pasaka."