Mkuki wa Kuazima

Mikuki yangu ilipotea angani
baina ya Frankfurt na Toronto,
miwili, ndani ya bomba la plastiki
lenye jina langu kwa wino mzito.
Mtu wa ndege alitupa fomu: rangi, urefu, thamani.
Mwalimu Tluway akajaza mita mbili na robo.
Kwenye thamani akasita, akaandika sifuri,
akaikata, akaandika: mali ya shule.

Ndivyo nilivyoingia Moncton mikono mitupu,
mrushaji asiye na cha kurusha,
kwenye bweni la chuo juu ya kilima,
vijana wa dunia nzima katika foleni ya viazi,
magoti yanang'aa mafuta,
kila mmoja bingwa wa mahali fulani.
Mimi wa Dongobesh. Kifuani walinibandika "Hando",
H moja. Ya pili nadhani ilibaki na mikuki.

Nilijifunza kwa mwanzi.
Mwalimu aliupigilia msumari wa inchi sita kichwani,
tukarusha pembeni mwa shamba la vitunguu saumu,
wavulana wakicheka: unamwinda nani?
Bibi alisema mkuki kwa nguruwe mtamu.
Hakumalizia. Lililobaki tulilijua.

Siku ya mchujo upepo ulitoka mtoni.
Dzintra wa Latvia, mabega kama mlango,
hana neno la Kiswahili, mimi sina la kwake,
alinisogezea mkuki wake wa njano
jinsi mtu anavyomsogezea mgeni kigoda.
Cha kuazima hakistiri makalio, walisema wahenga,
ila wahenga hawakuwahi kusubiri mzigo Toronto.

Mrusho wa kwanza nilikanyaga mstari.
Mzee wa kofia pana aliinua bendera nyekundu
bila hasira, kama anayefukuza nzi.
Wa pili ulipaa vizuri, haki ya Mungu,
ulipaa ukisahau kuinamisha kichwa
ukatua mkia kwanza.
Nyekundu tena.
Uwanja ulikuwa ukishangilia jambo jingine,
viunzi, mvulana wa Jamaika;
hakuna aliyeniona nikijifuta kiganja kwenye bukta.

Nje ya uzio Mwalimu hakupiga kelele.
Aligonga kisigino chini mara mbili.
Tangu enzi za mwanzi hiyo ndiyo lugha yetu:
mguu wa kushoto, upigilie kama msumari.

Nikaupigilia.
Arobaini na sita, nukta sifuri nane.
Sijawahi. Hata Dar sijawahi.
Nikawa wa kumi na tisa; waliofuzu ni kumi na wawili.
Niliufuta udongo mkuki wa watu, nikaurudisha.
Dzintra akaubusu, akaurusha mita tisa kunipita.
Nilipiga makofi hadi viganja vikauma,
na si kwa wema mtupu.

Jioni walitupeleka kuona mto unaorudi nyuma.
Petitcodiac: sikuweza kulitamka, nao hawakuweza langu.
Maji rangi ya chai iliyopoa, tope kingo zote mbili,
watu na aiskrimu zao wakitazama saa
kama makocha.
Kisha mstari mmoja mweupe, kimo cha goti,
ukaja kutoka baharini ukiusukuma mto mzima
kule ulikotoka.
Mhabeshi mmoja wa mita elfu tatu
akabonyeza saa ya mkononi, akaupima mwendo,
akatikisa kichwa: polepole.

Usiku wa mwisho bomba likafika,
vibandiko vitano ubavuni. Limetembea kuliko mimi.
Alfajiri, basi bado,
niliteremka kwenye nyasi nyuma ya bweni,
umande hadi kwenye soksi,
ndege wawili weupe wakinitazama kwa jicho la pembeni,
nikarusha mmoja. Wangu.
Hapakuwa na bendera wala mstari.
Nikauendea kwa kuhesabu nyayo,
kisigino kwa kidole gumba, kisigino kwa kidole gumba,
Mwalimu akiita toka mlangoni, Hhando, basi, Hhando,
H zote mbili.

Idadi ninayo.